MAPATANO YA 1904: KARATASI ILIYOWAONDOA WAMASAI KANDO YA RELI

Ndugu wafanyakazi,

Kuna neno linalosemwa sana katika magangi na katika stesheni zetu kila mara habari ya mashamba ya Laikipia inapotokea katika magazeti. Neno lenyewe ni hili: "Wamasai walitia dole gumba wenyewe. Aliyetia dole amekwisha. Waache watulie." Wasemao hivyo si watu wabaya. Wengi wao ni ndugu zetu wa Chama, walipao ada yao kila mwezi bila kusumbua mtu. Lakini ni ajabu kubwa neno kama hilo kutoka katika kinywa cha mtu wa chama cha wafanyakazi. Sisi ndio watu wa kwanza katika nchi hii tunaopaswa kujua kwamba dole gumba peke yake si mapatano. Kama dole gumba lingetosha, Chama hiki hakina kazi, na afadhali twende nyumbani tukalime.

Basi nataka kueleza habari ya karatasi mbili, ya mwaka 1904 na ya mwaka 1911, kama zilivyoandikwa na kama zilivyotendwa. Halafu kila mmoja aseme mwenyewe kama hayo ni mapatano au ni kitu kingine. Tena nasema mapema kwamba shauri hili latuhusu sisi wa reli kuliko watu wa kazi nyingine yoyote, maana karatasi ya kwanza iliandikwa kwa sababu ya reli.

Reli ilianzwa Mombasa mwaka 1896, ikafika Nairobi mwaka 1899, ikafika ziwani, Kisumu, mwaka 1901. Gharama yake ilizidi pauni milioni tano, na waliolipa kodi Uingereza walinung'unika. Njia ilikuwako, vichwa vilikuwako, lakini mizigo ya kubeba ilikuwa kidogo. Mkuu wa nchi wakati ule, Kamishna Sir Charles Eliot, aliona dawa moja tu: waletwe masetla walime kando ya njia ili magari yapate mzigo. Na kando ya njia, kuanzia Naivasha kwenda Nakuru, kulikuwa na nyasi nzuri na maji, na juu ya nyasi hizo kulikuwa na ng'ombe wa Wamasai.

Angalieni sana utaratibu uliofuatwa. Lord Delamere alipata ekari 100,000 huko Njoro mwaka 1903. Kampuni moja iliyoitwa East Africa Syndicate ilikubaliwa kupewa maili 500 za mraba katika Bonde la Ufa. Hayo yote yalitangulia. Wamasai walikuwa hawajaitwa kuzungumza juu ya kuhama, wala hawajatia alama mahali popote. Yaani ardhi iligawanywa kwanza, mapatano yakatafutwa nyuma. Mtu wa Chama akisikia hivyo anakumbuka mara moja yule tajiri anayeandika watu wapya katika daftari lake asubuhi, kisha mchana anawaita wa zamani ofisini ati wajadiliane kwa moyo mweupe habari ya kazi zao.

Eliot aligombana na wakubwa wake wa London juu ya kuwapa ardhi watu wawili kutoka Afrika ya Kusini, akajiuzulu mwaka 1904. Akaja Sir Donald Stewart, mgeni kabisa katika nchi. Mwezi wa Agosti mwaka ule ule, huko Naivasha, karatasi ikatiwa alama.

Na Wamasai walikuwa katika hali gani? Miaka kumi na tano hivi kabla ya hapo sotoka iliwamaliza ng'ombe wao. Ikafuata ndui, ikafuata njaa, na wao kwa wao walipigana vita. Wale watu waliotisha misafara yote ya pwani walikuwa ndiyo kwanza wanainuka, kama mgonjwa anayejifunza tena kutembea. Huo ndio wakati uliochaguliwa wa kuzungumza nao. Mimi nimewahi kufanya kazi kwa kontrakta mmoja, simtaji jina, ambaye alileta karatasi za kutia sahihi siku ya ishirini na tisa ya mwezi, wakati hakuna mtu mwenye unga nyumbani. Watu walitia sahihi wote, na hakuna aliyeuliza neno.

Sasa tusome karatasi. Inasema kwamba wakuu wa Wamasai, kwa hiari yao wenyewe, wameona ni faida kwao kuwahamisha watu wao na mifugo yao waende katika sehemu zilizopimwa, mbali na njia ya reli, na mbali na ardhi yoyote itakayofunguliwa kwa Wazungu. Naam, reli imetajwa pale pale mwanzoni. Sehemu zilizowekwa ni mbili: moja kaskazini, Laikipia, na moja kusini, upande wa Ngong na kuendelea. Katikati Serikali iliahidi barabara yenye upana wa nusu maili, ili watu na ng'ombe waweze kwenda na kurudi, na maji yapatikane njiani. Tena maili tano za mraba Kinangop ziliwekwa kwa ajili ya sherehe za tohara. Kisha likaja neno kubwa kuliko yote: kwamba mapatano haya yatadumu muda wote ambao Wamasai watakuwako kama kabila, na kwamba Wazungu wala walowezi wengine hawataruhusiwa kuchukua ardhi ndani ya sehemu hizo. Mwisho wakuu wanaandikiwa kwamba wameridhika kabisa.

Mtu aliyeridhika haandikiwi kwamba ameridhika. Mkiona karatasi inaharakisha kusema hivyo, ulizeni nani aliyeishika kalamu.

Na jambo la lugha tusilipite, maana laigusa lugha hii hii ninayoandikia. Katika hati yenyewe imeandikwa kwamba maneno yalifasiriwa kutoka Kiingereza kwenda Kiswahili na maofisa wa Serikali, kisha kutoka Kiswahili kwenda Kimasai na wakalimani wengine. Kwa hiyo Mmasai hakusikia maneno ya Stewart, alisikia mwangwi wa mwangwi. Yale maneno ya "sehemu iliyopimwa" na "kwa hiari yetu" yalikuwa maneno gani ya Kiswahili? Na yalipofika katika Kimasai yalikuwa maneno gani? Karatasi imebaki na Kiingereza tu. Katika Chama tunajua hatari yake. Mara ngapi mapatano yetu yamesomwa kwa Kiingereza, mtu mmoja akatafsiri mbio mbio, wote wakapiga makofi, na mwezi wa pili tukagundua kwamba neno moja dogo katika ukurasa wa tatu limekula posho ya nyumba?

Linganisheni na watu wa New Zealand. Wamaori walifanya mapatano yao na Malkia wa Uingereza huko Waitangi tarehe 6 Februari 1840, na wakuu zaidi ya 500 walitia alama. Wao walikuwa na hati ya Kimaori. Hati hiyo haikusema sawasawa na ile ya Kiingereza, na ugomvi juu ya tofauti hiyo haujaisha, lakini angalau walikuwa na maneno yao wenyewe ya kushika mkononi. Mwaka 1975 ilianzishwa baraza maalum la kusikiliza madai ya kuvunjwa kwa mapatano yale, na baadaye likapewa ruhusa kurudi nyuma hadi 1840. Mmasai hana la kushika. Karatasi yake imeandikwa kwa lugha ya yule aliyeivunja.

Tena ni nani waliotia alama? Serikali ilimtanguliza Lenana, mwana wa Mbatian, ikamfanya mkuu wa Wamasai wote. Sasa Lenana alikuwa laiboni. Laiboni ni mtu wa kuombea na kuagua na kubariki, mtu wa heshima kubwa sana, lakini si mfalme wa kugawa nchi. Mambo ya Wamasai yalisemwa na wasemaji wa marika, baada ya watu kukaa chini na kuzungumza mpaka mwisho. Hao ndio waliochaguliwa na watu wao. Mwingereza hakupenda kazi ndefu namna hiyo. Alitaka mtu mmoja mwenye mlango mmoja wa kubisha. Wazee wa Chama chetu hawahitaji maelezo hapa. Kabla vyama vya wafanyakazi havijakubaliwa nchini, matajiri walikuwa na zile kamati zao za watu waliowachagua wenyewe, na kila kamati hizo zilipokubali jambo, ilisemwa kwamba wafanyakazi wamekubali. Chege Kibachia alipowasimamisha wafanyakazi wa Mombasa mwaka 1947 bila kuchaguliwa na tajiri yeyote, alikamatwa akapelekwa Kabarnet.

Hata hivyo tuseme karatasi ya 1904 ilikuwa halali. Tuwape hilo. Tuseme kila dole lilikuwa la haki na kila neno lilieleweka. Basi na ishikwe! Iliahidi Laikipia muda wote Wamasai watakapokuwako. Ilidumu miaka saba, na Wamasai wako hata leo.

Ile barabara ya nusu maili haikuwafaa kitu. Masetla waliogopa magonjwa ya ng'ombe, karantini zikawekwa, ndugu wa kaskazini wakatengwa na ndugu wa kusini. Kisha masetla wakaanza kuitazama Laikipia yenyewe. Mwaka 1909 akaja Gavana Sir Percy Girouard. Huyu alikuwa mtu wa reli hasa, Mkanada, ndiye aliyejenga njia ya kupita jangwa la Sudan kutoka Wadi Halfa kwa ajili ya jeshi la Kitchener. Sisi tunaojua kazi ya kulaza mataruma kwenye mchanga tunaweza kumheshimu kwa kazi ile. Lakini alipokuja kwetu aliwaona Wamasai kama alivyouona mchanga: kitu cha kusogezwa ili njia ipite. Alisema ni vyema Wamasai wote wakae pamoja kusini. Ajabu ni kwamba hoja yake ilikuwa kwamba wametengana, hali ambayo Serikali yake ndiyo iliyoileta.

Lenana akafa mwezi wa Machi 1911. Ikatangazwa kwamba alipokuwa anakata roho aliacha wosia kwa watu wake wahame Laikipia. Waliopokea wosia huo kwa furaha zaidi walikuwa maofisa wa Serikali. Tarehe 4 Aprili, hata mwezi mmoja haujatimia, karatasi ya pili ikatiwa alama, na katika jina la kwanza akawekwa Seggi, mwana wa Lenana, ambaye alikuwa bado kijana mdogo. Legalishu, msemaji wa Wapurko wa Laikipia, ndiye aliyepinga kuhama siku zote. Jina lake nalo limo katika karatasi ya pili, lakini matendo yake ya kabla na ya baadaye yanaonyesha alivyolipenda jambo lile.

Wakahamishwa. Watu si chini ya 10,000, na mifugo zaidi ya milioni moja, kondoo wakiwa ndio wengi. Waliokwenda mwaka 1911 walikutwa na baridi na mvua juu ya Mau, wanyama wakafa, na Serikali ikalazimika kusimamisha safari. Mwaka 1912 ikaanza tena, ikaisha mwaka 1913. Huko kusini walikopelekwa sehemu nyingine zilikuwa na maji machache, na nyingine zilikuwa na mbung'o na ugonjwa wa kupe ambao ng'ombe wa Laikipia hawakuuzoea. Nyanda walizoziacha kaskazini Wamasai huziita Entorror, na wazee walizitaja kwa jina hilo kama Waisraeli walivyoitaja Sayuni huko Babeli.

Lazima nimtaje daktari mmoja wa Serikali, Norman Leys, Mwingereza, aliyeona mambo hayo na kuandika barua kwa watu wakubwa wa Uingereza. Alihamishwa, akapelekwa Nyasaland. Kuhamishwa kwa mtu anayesema kweli si jambo geni kwa wasomaji wa gazeti hili. Girouard naye alijiuzulu mwaka 1912, baada ya London kugundua kwamba hakuwaeleza yote juu ya ahadi alizowapa masetla. Lakini angalieni: Gavana aliondoka, na Wamasai hawakurudishwa. Ndivyo ilivyo kila mara. Meneja akikosa anaondoka yeye, lakini amri yake inabaki ukutani.

Sasa nafika mahali ambapo ningependa kila mfanyakazi asome mara mbili.

Wamasai hawakuchukua mikuki. Walichukua wakili. Walikwenda Mahakama Kuu Mombasa, wakasema: karatasi ya 1904 bado ina nguvu, karatasi ya 1911 si halali kwa kuwa waliotia alama hawakuwa na mamlaka ya kutufunga sote, na tulipwe kwa mifugo iliyopotea. Mwaka 1913 mahakama ikawafukuza, na mahakama ya rufani ikawafukuza tena kabla ya mwaka kuisha. Kwa sababu gani? Si kwa sababu hoja zao zilishindwa. Hoja zao hazikupimwa hata kidogo. Mahakama ilisema kwamba nchi hii ni nchi ya ulinzi tu, si ya Mfalme. Kwamba Wamasai si raia wa Mfalme bali ni kama taifa la kigeni. Kwamba zile karatasi ni mikataba ya taifa na taifa. Na kwamba mahakama za nchi hazina uwezo wa kuhukumu mkataba wa namna hiyo.

Vizuri. Basi mwaka 1913 Wamasai walikuwa taifa. Taifa lisilokuwa na balozi, wala jeshi, wala mahali popote pa kushtaki, lakini taifa. Mwaka 1915 ikatungwa sheria ya ardhi iliyohesabu ardhi ya Waafrika kuwa ni ardhi ya Mfalme, na ikawapa masetla kukodi kwa miaka 999. Mwaka 1920 nchi ikageuzwa kuwa koloni. Na mwaka 1921 Jaji Mkuu Barth, katika kesi ya Wakikuyu, akaamua kwamba Mwafrika katika nchi hii ni mpangaji tu wa Mfalme, anakaa kwa ridhaa yake. Kwa hiyo katika miaka minane mtu yule yule alikuwa mgeni mno hata hawezi kusikilizwa, kisha akawa mtumwa wa nyumbani mno hata hawezi kumiliki. Walipotaka haki waliambiwa nyinyi ni wa nje. Walipotaka ardhi waliambiwa nyinyi ni wa ndani. Natafuta jina la hila hii kwa Kiswahili sipati, ingawa lugha yetu si maskini wa majina ya hila.

Waliotufundisha kusoma katika misioni walitusomesha habari ya Wagibeoni. Tulio wengi tunaikumbuka: walimwendea Yoshua na mikate yenye ukungu na viatu vilivyochakaa, wakajifanya wametoka mbali, wakapata mapatano kwa udanganyifu. Uongo ulipofunuliwa, Waisraeli walitaka kuwaua, lakini wazee wakakataa kwa sababu walikuwa wamekwisha kuapa. Baadaye sana Sauli akakivunja kile kiapo, na siku za Daudi nchi ikapigwa na njaa miaka mitatu kwa ajili hiyo. Yaani mapatano yalishikwa hata pale ambapo aliye dhaifu ndiye aliyemdanganya mwenye nguvu. Hao hao waliotuletea kitabu hicho ndio serikali yao ilivunja mapatano ambayo wao wenyewe waliyaandika, kwa kalamu yao, kwa lugha yao, kwa faida yao.

Baada ya hapo historia ni ya milango kufungwa. Mwaka 1932 iliundwa Tume ya Ardhi chini ya Sir Morris Carter. Wamasai wakaleta madai yao, wakakataliwa. Mwaka 1962, katika mkutano wa Lancaster House, London, wajumbe wa Wamasai walisema Uhuru waja, na karatasi ni yenu nyinyi Waingereza, basi rudisheni mlichochukua kabla hamjaondoka. Waziri wa Makoloni, Maudling, hakukubali, na wajumbe wa Wamasai wakakataa kutia sahihi. Angalau safari hiyo hakuna dole lililotiwa. Na Agosti 2004, karatasi ilipotimiza miaka 100, Wamasai waliandamana Nairobi na mahali pengine. Huko Laikipia watu waliingiza mifugo katika mashamba, polisi wakatumwa, na mzee mmoja akapigwa risasi akafa. Serikali ya nchi huru ilijibu kwamba wenye mashamba wana hati zao.

Hapa nina neno kwa rafiki zetu Wamasai pia. Mwaka ule wengi walidai kwamba ardhi ilikodishwa kwa miaka 99 na muda umekwisha. Katika karatasi ya 1904 hakuna miaka 99. Miaka 99 ilikuwa katika sheria ya masetla ya mwaka 1902. Madai ya Wamasai yana nguvu kuliko hayo, maana karatasi haikuweka muda ila uhai wa kabila lenyewe. Asidai miaka 99 mtu aliyeahidiwa siku zote.

Ndugu zetu wa gangi watasema: haya ni ya zamani mno, waliotia alama wote wamekufa, waliovunja wote wamekufa. Mimi nauliza: je, faida nayo imekufa? Kila karatasi ya mapatano ina pande mbili. Upande mmoja wa karatasi ile ulisema Mmasai ataondoka katika Bonde la Ufa. Upande wa pili ulisema hataondolewa Laikipia. Upande wa kwanza unaheshimiwa mpaka leo. Hati za mashamba kutoka Naivasha kwenda Nakuru zilianzia pale pale Mmasai alipokubali kuondoka. Hakuna mahakama iliyosema upande huo umezeeka. Ni upande wa pili tu ndio ulioitwa historia. Tajiri akikuambia kwamba mapatano ya mwaka jana yanakufunga wewe kufanya saa zote, lakini hayamfungi yeye kulipa, kwa kuwa karani aliyeyaandika amekwisha kustaafu, utamwita nani?

Wala si kweli kwamba ulimwengu mzima umesahau mambo ya namna hii. Huko Marekani, Wasioux walifanya mapatano na serikali huko Fort Laramie mwaka 1868, wakahakikishiwa milima yao iitwayo Black Hills. Dhahabu ikaonekana, milima ikachukuliwa. Mwaka 1980 Mahakama Kuu ya nchi ile ikaamua kwamba walipwe zaidi ya dola milioni 100. Watu wale, tena maskini, wamekataa kuzipokea fedha hizo, maana hawakuuza. Wanataka milima. Mtu anaweza kuwaita wajinga. Mimi nawaona wanajua vizuri sana tofauti ya mshahara na takrima.

Hapa kwetu Katiba ya 2010 iliipa Tume ya Taifa ya Ardhi kazi ya kuchunguza dhuluma za ardhi za zamani, na ikawapunguzia wageni muda wa kukodi ardhi usizidi miaka 99. Jambo jema. Lakini sheria ya mwaka 2016 iliyoeleza jinsi ya kupeleka madai hayo, ambayo yenyewe inahesabu dhuluma tangu 1895, iliweka kwamba madai yaletwe ndani ya miaka mitano. Miaka mia na zaidi ya kufukuzwa mlangoni, na miaka mitano ya kubisha!

Nitasema na jambo zito, maana si haki kuwasema Waingereza peke yao. Wengi wetu tulio katika Chama hiki tuna viwanja Rongai, Kitengela, Ngong. Tulinunua kwa mkopo wa sako, kwa jasho letu. Hakuna anayesema tufukuzwe. Lakini Mmasai aliyetuuzia ekari moja ile ni mjukuu wa mtu aliyesukumwa kusini mara mbili, na sasa anauza kwa shida ya karo na hospitali, na mara nyingi anatia dole katika karatasi ya Kiingereza mbele ya wakala wa mnunuzi. Reli nayo haijaacha kumfuata. Mwaka 1915 njia ya Magadi ilikwisha kujengwa katikati ya sehemu ile ya kusini aliyopewa ili awe mbali na reli. Mwaka 2019 njia mpya ya kutoka Nairobi ilifika Suswa kwa kupita Ngong na Mai Mahiu. Na mwaka 2020 gari la Nanyuki lilifufuliwa, sisi tukashangilia, na ni haki tushangilie, kazi ni kazi. Ukishuka Nanyuki, huko mbele ndiyo Laikipia, na katika baadhi ya mashamba yale makubwa askari wa Uingereza huenda kufanya mazoezi ya vita. Entorror inatosha kwa mizinga ya wageni. Kwa ng'ombe wa mwenyewe haitoshi.

Kwa hiyo naomba tawi letu lipeleke mambo haya katika mkutano mkuu wa Chama, na katibu ayaandike kama yalivyo. Karatasi za 1904 na 1911 zifasiriwe zote mbili kwa Kiswahili na kwa Kimasai, neno kwa neno, zichapishwe, zisomwe barazani Laikipia, Narok na Kajiado. Hati yoyote ya kukodi shamba la Laikipia inapofikia mwisho wake, isiandikwe upya ofisini kimya kimya. Shauri lisikizwe hadharani, na karatasi ya 1904 iwe juu ya meza. Ule muda wa miaka mitano ufutwe. Na kila mara njia ya reli inapotaka kupita katika ardhi ya wafugaji, mapatano yaandikwe kwa lugha yao, yatiwe sahihi na watu waliochaguliwa nao, na nakala moja ibaki mikononi mwao.

Mkutano wa tawi ni Jumamosi ya mwisho wa mwezi, saa nane mchana, katika ukumbi wa kawaida. Anayepinga na aje apinge mbele ya watu. Ndugu zetu wawili wa gangi la Kajiado wamekubali kuja kutusomea karatasi ya 1904 kwa Kimasai, kwa tafsiri waliyoifanya wenyewe.

Wenu katika Chama,
MTU WA NJIA